Mchezo wa Diski katika Nyumba Isiyo na Intaneti

Mwaka huu wazazi kadhaa wametujia chuoni, wala si kwa habari ya juzuu ya mtoto wala ya ada, bali kwa habari ya mashine ya michezo ya video. Maneno yao hutofautiana kidogo, lakini swali ni lile lile: "Maalim, nimemnunulia mtoto mashine, na mchezo wake wa diski. Nyumbani hatuna intaneti. Utachezeka, au fedha zangu zimekwenda na maji?" Sisi si mafundi wa mitambo. Elimu yetu ni ya chuo na ya shule ya msingi, na umri wetu umevuka hamsini. Walakini mashine ya namna hiyo imo nyumbani kwetu, tumekaa nayo, tumesoma yaliyoandikwa juu yake, na vijana wetu wametusomesha mengine; basi tumeona afadhali tuyaandike mara moja kuliko kuyakariri kila siku barazani.

Hatukusudii kuzungumza hapa kama michezo hii ni mizuri au mibaya. Hilo lina mahali pake, na kila mwenye nyumba anazijua saa za nyumba yake. Sisi twajibu swali tuliloulizwa. Na jawabu lake ni hili: mara nyingi mchezo utachezeka, mara nyingine hautachezeka kabisa hata ukae mbele ya mashine mpaka kuche, na tofauti ya hili na lile haionekani kwa kulitazama kasha juu juu, mpaka mtu ajue pa kutazama.

Nyumba zisizo na intaneti ya kudumu ni nyingi. Bando la simu linalotosha kwa salamu na picha za arusi halitoshi kwa mchezo wa gigabaiti 50. Mwenye kununua gigabaiti moja moja itambidi anunue mara hamsini, kwa mchezo mmoja tu. Na zipo nyumba, nayo yetu ni mojawapo, zilizoikataa intaneti hiyo kwa hiari. Mpwa wetu afanyaye kazi Muscat alipowaletea watoto PlayStation 4, tuliikubali kwa sharti moja tu, kwamba isiunganishwe. Maana mashine iliyounganishwa ina milango miwili ambayo mzazi haioni. Mmoja ni wa sauti: mtoto aweza kucheza na kusemezana na mtu mzima wa nchi ya mbali, akifundishwa matusi kwa lugha ambayo hata matusi yake hatuyajui. Wa pili ni wa duka, lililo ndani ya mashine yenyewe, ambamo fedha hutoka kwa kubonyeza kitufe. Mashine isiyounganishwa haina milango hiyo. Ni mchezo tu, kama bao au drafti, na mshindani wa mtoto ni ndugu yake aliyeketi naye kwenye jamvi, ambaye wakigombana tutawasikia.

Sasa yafaa tueleze jinsi mambo yalivyogeuka, maana wazazi wengi wanapima mashine za leo kwa mizani ya zile za zamani. PlayStation 2, iliyotoka mwaka 2000 na kuuzwa zaidi ya milioni 150 duniani, ndiyo waliyoizoea wengi. Ndiyo iliyojaza vile vyumba vya mitaani ambamo watoto walilipa kwa muda wa kucheza. Hiyo ilikuwa ikiusoma mchezo kutoka kwenye diski moja kwa moja. Ukitia diski, unacheza. Ukiitoa, mashine haina kitu. Aliyekuwa na diski alikuwa na mchezo wote, na adui yake alikuwa mmoja tu, nao ni mkwaruzo.

Ilipofika Novemba mwaka 2013, Sony wakatoa PlayStation 4 na Microsoft wakatoa Xbox One, na tangu hapo mchezo wa diski hauchezwi tena kutoka kwenye diski. Sababu yake si hila, ni haja. Michezo imekuwa mikubwa. Diski za namna ya Blu-ray hubeba gigabaiti 25 au 50, na zile za mashine za mwaka 2020 hufika 100. Na jicho la nuru linalosoma diski inayozunguka ni zito, haliwezi kuleta picha zote hizo kwa kasi inayotakiwa. Kwa hiyo mashine huunakili mchezo kwanza katika ghala lake la ndani, kisha ndipo ukachezwa kutoka huko. Wataalamu wa lugha wameiita kazi hiyo kusakinisha. Neno hilo lina ukoo na maskani, nasi tumelipenda, kwani ndivyo ilivyo: mchezo unahama kwenye diski na kwenda kufanya maskani ndani ya mashine.

Hata hivyo diski haimalizi kazi yake. Kila mtu atakapotaka kucheza, mashine itamdai aitie diski ile, ijapokuwa mchezo wenyewe umekwisha kuhamia ndani. Watoto wetu waliona jambo hilo ni ujinga wa mashine. La, si ujinga. Lau isingedai hivyo, diski moja ingezunguka mtaa mzima, na kila nyumba ingebaki na mchezo wake bila ya kununua. Diski imekuwa shahidi wa kwamba mchezo ni wako.

Na hapo ndipo mlango wa mambo mengine ulipofunguka. Maadamu diski ni shahidi, muuzaji aweza kujiuliza: kuna haja gani ya kuutia mchezo wote ndani yake? Si yatosha shahidi peke yake, na mchezo mnunuzi akauchukue kwenye intaneti?

Jirani yetu mmoja, mtu wa kazi za bandarini, alimnunulia mwanawe mchezo wa mpira kwa sikukuu ya Idi. Kijana akaitia diski. Mashine ikanakili kitambo kidogo sana, kisha ikaandika kwamba yaliyobaki yapakuliwe kwenye intaneti, nayo ni zaidi ya gigabaiti 40. Baba mtu akatujia amemshika kijana mkono.

"Maalim, mtazame huyu. Mashine haijatimiza hata mwezi, ameshaiharibu."

"Wallahi, baba, sikugusa kitu. Diski ndiyo haina mchezo."

"Haina mchezo vipi? Nimeinunua mwenyewe, nailoni haijachanwa!"

Tukaliomba kasha. Nyuma yake, chini kabisa, kwa herufi ambazo tulizisoma kwa miwani na kwa kusogea dirishani, ilikuwa imeandikwa kwa Kiingereza kwamba intaneti yahitajika. Tukamfasiria. Jirani yetu alinyamaza muda, kisha akamtuma kijana akatuletee kahawa, na kwa namna ya sauti yake tukajua kwamba huo ndio msamaha wake. Alipolirudisha kasha dukani, muuzaji alikataa kulipokea kwa kuwa limekwisha kufunguliwa. Twawauliza wasomaji: mtu atajuaje kilichomo ndani ya diski bila ya kufungua kasha?

Wala hili si la duka moja la mji wetu. Mwaka 2022 ulitolewa mchezo mashuhuri wa vita, Call of Duty: Modern Warfare II, na wanunuzi wa diski ya PlayStation 5 waligundua kwamba ndani yake mna takriban megabaiti 70 tu, yaani kadiri ya picha chache za simu, hali mchezo wenyewe ni makumi ya gigabaiti. Diski ilikuwa imetengenezwa, ikapigwa chapa, ikatiwa katika kasha zuri, ikasafirishwa kwa meli, nayo haibebi ila ruhusa. Sisi wa chuoni hatukuweza kuyasoma hayo bila ya kukumbuka habari ya Mtume (s.a.w.) alipopita sokoni penye chungu ya nafaka, akaingiza mkono wake ndani, vidole vikapata unyevu, akamuuliza mwenye mali mbona hakuiweka ile iliyorowa juu, watu wakaiona. Mtu yule hakuwa ameiba. Alikuwa ameficha tu.

Kwa insafu yapasa tuseme kwamba wako wanaoiweka nafaka iliyorowa juu. Nintendo walipotoa mashine yao ya Switch 2, tarehe 5 Juni 2025, walileta namna ya kadi iliyo ufunguo mtupu: ndani yake hamna mchezo, ila ruhusa ya kuupakua. Walakini wameliandika jambo hilo mbele ya kasha, penye macho, kwamba ni kadi ya ufunguo na kwamba intaneti yatakiwa. Baada ya kupakua mara ya kwanza, mchezo huchezwa bila ya intaneti maadamu kadi imo ndani ya mashine. Twaweza kutoipenda biashara hiyo, lakini hatuwezi kusema tumedanganywa. Tena katika mashine hiyo hiyo mchezo wa Cyberpunk 2077 uliuzwa ukiwa mzima ndani ya kadi ya gigabaiti 64. Basi asikudanganye mtu kwamba haiwezekani. Yawezekana, ila kadi kubwa ina gharama, na wako wanaoona afadhali gharama hiyo ibebwe na bando la mnunuzi.

Tuje sasa kwenye mashine zenyewe, kwani hapa wazazi hukosea zaidi kuliko kwenye diski. Si kila mashine yaweza kuanza kazi bila ya intaneti. Mwaka 2013, kabla Xbox One haijatoka, Microsoft walitangaza kwamba itakuwa lazima iunganishwe walau mara moja katika kila saa 24, ama sivyo haitacheza. Watu wakalalamika, na mkuu wa idara hiyo wakati huo, Don Mattrick, akajibu kwamba kwa wasio na intaneti wanayo mashine nyingine, ile ya zamani, Xbox 360. Jawabu hilo liliwachoma wengi kuliko sharti lenyewe. Na tarehe 19 Juni mwaka ule ule sharti likaondolewa. Twaitaja habari hii kwa sababu yatuonyesha kwamba wanunuzi wakisema hawasemi bure. Lakini halikuondoka lote: Xbox One ikiwa mpya yataka iunganishwe mara moja inapowashwa kwa mara ya kwanza, na Xbox Series X ya mwaka 2020 ni hivyo hivyo. Baada ya hapo yaweza kukaa peke yake. Tena anayenunua diski kuukuu za Xbox 360 kwa bei nafuu, akitaka kuzicheza katika hizo mpya, ajue kwamba humo diski ile ni ufunguo tu. Mchezo utapakuliwa wote.

PlayStation 4 ndiyo iliyotupa nafasi zaidi. Yetu iliwashwa, ikauliza habari ya intaneti, tukaruka swali hilo, ikaendelea. PlayStation 5 ya kwanza, ya Novemba 2020, yenye mdomo wa diski, ni hivyo pia. Lakini ile nyembamba iliyotoka mwaka 2023 kisomeo chake cha diski ni kitu cha kubandika na kubandua, na kabla hakijafanya kazi sharti kitambulishwe kwa mashine kwa njia ya intaneti, mara moja. Na zipo mashine zisizo na mdomo wa diski kabisa: Xbox Series S ni moja, na PlayStation 5 Pro ya mwaka 2024 huuzwa hivyo, ukitaka kisomeo ununue mbali. Tumemwona mzazi akinunua Series S kwa kuwa ni rahisi, pamoja na diski mbili za zawadi. Diski zile mpaka leo ni mapambo.

Kazi yenyewe ya kusakinisha si ngumu, na nyumbani kwetu hufanywa hivi. Kwanza twahakikisha kwamba mashine imekatwa na waifai, hata ile ya simu ya mgeni. Katika Xbox jambo hili lina faida ya pekee, kwani mashine ile ikiona intaneti hupenda kuupakua mchezo kutoka mbali na kuiacha diski iliyo mdomoni mwake. Ukiikata, hulazimika kuisoma diski. Kisha twatazama nafasi ya ghala. PlayStation 5 ya kwanza ina ghala la gigabaiti 825, wala si zote za mnunuzi, kwa kuwa mashine ina vitu vyake humo; na michezo mitano sita mikubwa hulijaza. Basi twatia diski, twaiacha inakili. Mchezo wa gigabaiti 40 ulituchukua karibu saa nzima katika PlayStation 4. Watoto hukaa wakitazama ule mstari unaojaa polepole kama watu wanaongoja mwezi uandame, nasi hatujaona subira kama ile hata katika kuhifadhi sura ndefu.

Ikiwa kasha lina diski mbili, kama ulivyokuwa mchezo wa Red Dead Redemption 2 wa mwaka 2018, moja ni ya kunakili tu na ya pili ni ya kuchezea; itangulizwe ile ya kunakili, na baada ya hapo huwekwa isitumike tena.

Mara nyingine mashine itasema kwamba programu yake ni kuukuu, haiwezi kuusoma mchezo mpya mpaka isasishwe. Hapo wengi hukata tamaa, na hapana haja. Diski nyingi hubeba ndani yake sasisho lile lile linalotakiwa, mashine ikalichukua humo. Isipokuwamo, yatosha flashi. Mtu mwenye kompyuta na intaneti, kazini au kwenye duka la kompyuta, aingie katika ukurasa wa Sony wenyewe, si wa mtu mwingine, apakue faili la sasisho. Katika flashi afanye folda iitwayo PS4, ndani yake folda iitwayo UPDATE, na ndani ya hiyo aweke faili lenye jina PS4UPDATE.PUP; yote kwa herufi kubwa. Kwa PlayStation 5 ni vivyo hivyo, ila tarakimu ni 5. Kisha flashi ichomekwe katika mashine, na katika mipangilio aiamuru isasishwe kutoka humo. Xbox nayo yakubali flashi, lakini yataka iwe imeandaliwa kwa mtindo uitwao NTFS. Tulimpa kijana wetu wa miaka kumi na minne kazi hii, na twadhani alijifunza humo zaidi kuliko katika mchezo wenyewe: kusoma neno kama lilivyoandikwa, asizidishe herufi wala asipunguze. Sisi tulimwambia kwamba ndiyo tajwidi ya kompyuta.

Lipo tatizo jingine lisilotatuliwa kwa flashi. Masasisho ya mchezo mmoja mmoja, mbali na ya mashine, huja kwa intaneti tu. Mchezo uliomo katika diski ni kama ulivyokuwa siku ulipopigwa chapa, pamoja na makosa yake yote. Zamani watengenezaji walijua kwamba kosa likishaingia katika diski halitoki, wakajitahidi. Leo wako wanaotoa kazi mbichi kwa kutegemea kuisahihisha baadaye. Cyberpunk 2077 ulipotoka Desemba 2020 ulikuwa na kasoro nyingi katika PlayStation 4 hata Sony wakauondoa katika duka lao la intaneti, ukarudi Juni mwaka uliofuata. Aliyeununua kwa diski za mwanzo na hana intaneti amebaki na kasoro zile zile. Dawa yake ni subira. Mchezo ukipendwa, mara nyingi baada ya mwaka au miwili hutolewa tena ukiwa umekamilika, kama Horizon Zero Dawn ya mwaka 2017, ambayo mwisho wa mwaka ule ule ilitolewa tena na nyongeza yake imo ndani ya diski. Hutokea pia kwamba toleo hilo la baadaye ni rahisi kwa bei. Mwenye haraka hulipa zaidi na kupata pungufu.

Na michezo inayotaka intaneti kila saa, hata mtu akiwa na diski nzima, isinunuliwe kabisa kwa nyumba kama zetu. Gran Turismo 7, mchezo wa mashindano ya magari wa mwaka 2022, sehemu yake kubwa haifunguki bila ya seva. Machi ya mwaka ule seva zilipozimwa kwa matengenezo yaliyoharibika, watu walikaa zaidi ya saa 30 na diski zao mikononi. Lakini hao walirudishiwa. Walionunua The Crew, mchezo mwingine wa magari wa kampuni ya Ubisoft, uliotoka Desemba 2014, hawakurudishiwa: tarehe 31 Machi 2024 seva zikafungwa moja kwa moja, na diski zote duniani, zilizochakaa na zilizo mpya, zikawa hazina kazi. Mtu amenunua, amelipa, hakukopa, naye hana kitu. Jambo hilo liliwakasirisha watu wa Ulaya hata zikakusanywa saini zaidi ya milioni moja kuwataka wakuu wa Umoja wa Ulaya watunge sheria. Na California, tangu tarehe 1 Januari 2025, sheria yamtaka muuzaji wa vitu vya intaneti amweleze mnunuzi waziwazi kwamba anachopewa ni leseni, si milki. Sheria hiyo haimzuii muuzaji asiuze leseni. Yamzuia tu asiiite kitu kingine.

Hapa ndipo sisi twaona thamani ya diski nzima. Mchezo uliomo wote ndani ya diski waweza kuazimwa, kuuzwa, kupewa zawadi, na mwenyewe akifa warithi wakaugawa pamoja na vyombo vingine. Vijana wa mtaani kwetu wana diski kama ishirini baina yao, nazo huzunguka nyumba hadi nyumba kama vile vitabu vilivyokuwa vikizunguka tulipokuwa wadogo. Mmoja akimaliza mchezo anaubadilisha kwa mwingine, na hakuna anayenunua zaidi ya miwili kwa mwaka. Lau wangenunua kwa intaneti kila mtu angekuwa na vyake ndani ya akaunti yake, wala hapana ambaye angemgongea mwenziwe mlango.

Tumeambiwa na fundi mmoja tuongeze jambo la betri, nalo ni dogo lakini limewatisha wengi. Ndani ya PlayStation 4 mna betri ya duara, ya namna ya CR2032, inayoshika saa ya mashine. Zamani betri hiyo ikifa, mashine ilikataa kucheza hata diski mpaka iunganishwe na Sony ipate saa. Sasisho namba 9.00 la Septemba 2021 liliondoa jambo hilo. Basi mwenye PlayStation 4 iliyokaa sandukuni tangu kabla ya mwaka huo, na ailetee sasisho kwa flashi kama tulivyoeleza, kabla betri haijafa.

Mpwa wetu sasa ametuandikia kutoka Muscat kwamba anataka kuwaletea watoto PlayStation 5, ile nyembamba. Tumemjibu kwamba aifungue kasha huko huko, akitambulishe kisomeo cha diski kwa intaneti ya nyumbani kwake, aisasishe, kisha aikate na waifai, atie diski moja ya dukani na angoje mpaka mchezo ufunguke mbele ya macho yake. Akiridhika, aifunge na nguo zake. Alicheka, akasema tunamfanya mkaguzi wa forodha. Juzi ametuletea picha: mashine iko juu ya meza, alama ya waifai haipo, na mstari wa kusakinisha umefika nusu.